Mwana wa mfalme aliyerithi vita vya Ruwenzori

Ukisimama Mutwanga asubuhi ambayo mawingu yamefunguka, unaiona theluji ya Ruwenzori juu ya migomba na kahawa. Mlima huo ni wetu watu wa Beni, lakini nusu yake ni ya Uganda tangu Waingereza na Wabelgiji walipokubaliana mpaka mwaka 1910. Huku tunaitwa Wanande, au Bayira. Kule ndugu zetu wanaitwa Bakonzo. Lugha ni moja, na watoto wetu hupewa majina kwa kufuata utaratibu uleule wa kuzaliwa. Mjini Butembo hutakosa ukoo wenye Mumbere wake, kijana wa kwanza wa nyumba. Charles Wesley Mumbere, aliyezaliwa ng'ambo mwaka 1952, alirithi kiti cha ufalme wa Rwenzururu mwaka 1966, na pamoja nacho jeshi lililokuwa vitani. Hakuwa ametimiza miaka 15.

Vita hivyo vilikuwa na mizizi mirefu. Waingereza waliwaweka Bakonzo na jirani zao Baamba chini ya ufalme wa Toro, wakawa watu wa kulipa kodi na kuamriwa katika nchi yao wenyewe. Wa kwanza kukataa kwa silaha walikuwa Nyamutswa, Tibamwenda na Kapolya, walionyongwa mwaka 1921, na mlimani hadi leo wanatajwa kama mashujaa. Miaka 40 baadaye mwalimu wa shule, Isaya Mukirane, aliingia katika baraza la Toro kuwasemea watu wake. Alidai wapewe wilaya yao. Alipokataliwa, yeye na wenzake walitoka barazani mwaka 1962, Uganda ikiwa mbioni kupata uhuru. Mwaka uliofuata alikuwa amepanda mlimani na kutangaza ufalme wa Rwenzururu. Milton Obote, waziri mkuu wa wakati huo, alimtuma mwandishi Mwingereza Tom Stacey, rafiki wa zamani wa Mukirane, akamsihi ashuke. Hakushuka. Alifia hukohuko juu mwaka 1966.

Kwa hiyo kijana huyo hakuchagua vita. Alivikuta vikimngoja, pamoja na cheo cha Omusinga, yaani mfalme, na wapiganaji waliokuwa na mikuki mingi kuliko bunduki. Wakubwa waliomzunguka ndio walioendesha mambo mwanzoni, lakini amri zilitoka kwa jina lake, na watu walikufa kwa jina lake. Huo ni mzigo wa kutisha kumtwika mtoto, na nashangaa jinsi simulizi za kumsifu zinavyoupita haraka.

Rwenzururu haikuwa kundi la watu waliojificha msituni tu. Kulikuwa na mawaziri, mahakama, shule na kodi, vyote kwenye miteremko ya baridi ambako magari ya jeshi la Uganda yasingeweza kufika. Nguvu yake nyingine ilikuwa upande wetu. Aliyefukuzwa kule alishuka huku akapokelewa na shemeji au mjomba, akalala, akala, akapona. Kahawa ilivuka mpaka ikauzwa huku kwetu Kongo, iliyoitwa Zaire. Mpaka uliochorwa na wageni ukageuka kuwa ngao ya watu waliogawanywa nao.

Mwaka 1974 Rais Idi Amin aliwapa Bakonzo na Baamba wilaya zao wenyewe, nje ya Toro. Dai la kwanza la Mukirane lilikuwa limetimizwa na mtu ambaye hakuna aliyemtazamia, na wengi wakachoka kupigana. Amin alipoanguka mwaka 1979, bunduki zilizoachwa na askari wake zilifika mlimani. Mumbere sasa alikuwa mtu mzima, mwenye silaha nyingi kuliko baba yake alivyowahi kuwa nazo.

Akaamua kuziweka chini. Tarehe 15 Agosti 1982 alishuka Kasese pamoja na wapiganaji wake, baada ya mazungumzo yaliyoongozwa na Amon Bazira, Mkonzo mwenzao aliyekuwa ndani ya serikali ya Obote, ambaye alikuwa amerudi madarakani. Wapo wanaosema mpaka leo kwamba siku ile aliuza damu ya wazee wake. Mimi naona kwamba katika maisha yake yote ya ukamanda, hiyo ndiyo amri ngumu kuliko zote alizotoa. Kuamrisha shambulio ukiwa na bunduki mpya hakuhitaji moyo mkubwa. Kuwaambia watu waliopoteza miaka 20 kwamba imetosha, na wakakusikia, kunahitaji.

Mwaka 1984 alikwenda Marekani kusoma kwa gharama ya serikali. Mwaka uliofuata Obote akapinduliwa, fedha zikakatika. Mwaka 1987 Mumbere alipewa hifadhi ya kisiasa, akajifunza kazi ya msaidizi wa wauguzi, na kwa miaka mingi akawahudumia wagonjwa katika nyumba za kutunzia wazee, mwishoni huko Harrisburg, Pennsylvania. Kuwaogesha, kuwalisha, kuwageuza kitandani. Waliofanya naye kazi hawakujua kwamba aliwahi kuwa na jeshi. Miaka hiyo inastahili heshima, wala tusiisimulie kwa aibu kana kwamba mfalme alidhalilika.

Huku nyuma, silaha zilirudi mlimani. Bazira yuleyule aliyemshusha Mumbere aliunda kundi la waasi la NALU mwaka 1988, akaweka kambi zake upande wa Zaire. Aliuawa Kenya mwaka 1993, lakini watu wake walibaki, wakaungana na waasi wengine walioitwa ADF. Mwaka 1996 walivamia Mpondwe, upande wa Uganda. Kuanzia Oktoba 2014 mji na vijiji vya Beni vilianza kuzika watu waliokatwa kwa mapanga, na msomaji wa Beni hahitaji kuhesabiwa makaburi yake. Rwenzururu ya Mumbere na ADF si kitu kimoja, na ni dhuluma kuvichanganya. Lakini njia za mlimani ni zilezile, na upande wetu uliokuwa kimbilio ukawa machinjio.

Serikali ya Uganda iliutambua ufalme wa Rwenzururu mwaka 2009. Mumbere alirudi akatawazwa tarehe 19 Oktoba. Amani ya kiti hicho haikudumu. Tarehe 27 Novemba 2016 jeshi na polisi walivamia ikulu yake Kasese, wakisema ndani mlikuwa na wanamgambo. Shirika la Human Rights Watch lilisema waliouawa katika siku mbili za mapambano walizidi 100, watoto wakiwemo. Mfalme alikamatwa, akashtakiwa, kisha akaachiwa kwa dhamana iliyomkataza kukanyaga Kasese.

Mashtaka yaliondolewa Juni 2023, na mwaka huohuo akarudi nyumbani. Katika Juni hiyohiyo, usiku wa tarehe 16, ADF walivuka kutoka upande wetu wakaingia shule ya sekondari ya Lhubiriha, Mpondwe, umbali wa chini ya kilomita mbili kutoka mpakani. Waliua watu 42, wengi wao wanafunzi waliokuwa wamelala bwenini.