Jeli ya Mapera na Pilipili: Asili Yake na Upishi Wake

Kila mwaka mapera yanapoiva, mengi huanguka yakaliwa na ndege na funza. Kisha miezi miwili haijapita, mwenye mti huonekana dukani akinunua jamu ya kopo. Leo nitawaelezeni namna ya kupika jeli ya mapera yenye pilipili. Lakini kwa kuwa somo letu ni la historia, kwanza na tutazame vitu vilivyomo sufuriani vimetoka wapi.

Mpera asili yake ni Amerika, katika nchi za joto. Wareno, waliofika pwani yetu mwaka 1498, ndio walioueneza sana ng'ambo. Hata jina lake wataalamu husema ni la Kireno, maana kwa Wareno pera ni tunda jingine, la nchi za baridi. Kwao walizoea kupika tunda liitwalo marmelo kwa sukari mpaka likagandamana. Walipofika Brazil hawakuliona marmelo, basi wakashika mapera.

Pilipili kali nayo ni ya Amerika. Columbus alipovuka bahari mwaka 1492 alikuwa akitafuta njia ya kwenda kwenye viungo vya Bara Hindi, akakuta tunda jekundu liwakalo mdomoni, naye akaliita kwa jina la kile alichokitafuta. Sisi tumefanya vivyo hivyo. Ile tuiitayo pilipili manga ndiyo ya kale zaidi kwetu. Nayo haikuota Manga, ilitoka Malabari.

Sukari ndiyo yenye habari nzito. Wahindi walijua kuigeuza maji ya miwa kuwa chembechembe zaidi ya miaka 1,500 iliyopita, na Waarabu wakaipeleka magharibi. Baadaye Wazungu walifungua mashamba makubwa ya miwa, na kazi yake ilikuwa ya kuua watu. Habari hiyo si ya mbali. Mwaka 1776 Mfaransa mmoja, Morice, alifanya mkataba na Sultani wa Kilwa apewe watumwa 1,000 kila mwaka. Walitakiwa katika visiwa vinavyoitwa leo Mauritius na Réunion, palipolimwa kahawa na miwa. Walioikata miwa hiyo walikuwa watu wa bara letu, na wengi hawakurudi kwao kamwe. Jamu ilipokuwa chakula cha kila siku Ulaya, watu wachache mezani waliuliza sukari imetoka mikononi mwa nani.

Sasa upishi. Mwaka 1825 Mfaransa Braconnot alikipa jina kile kitu kilichomo katika matunda kinachogandisha jeli: pektini. Mapera mabichi kidogo yana pektini nyingi kuliko yaliyoiva sana, kwa hiyo changanyeni yote mawili. Yakateni, tieni maji yayafunike tu, na pilipili mbili tatu zilizopasuliwa. Chemsheni mpaka yalainike. Mimineni katika kitambaa cha melimeli, mkitundike usiku kucha juu ya bakuli. Msikikamue! Najua mkono huwasha kukamua, lakini jeli itakuwa na ukungu.

Asubuhi pimeni: kikombe cha maji yale kwa kikombe cha sukari, pungufu kidogo ikiwa mapera ni matamu, na maji ya ndimu, kwani pektini haishiki bila uchachu. Pikeni kwa moto mkali katika sufuria pana. Mwenye kipima joto angoje nyuzi 105 za Sentigredi. Asiye nacho achote kwa kijiko cha baridi, akiinamishe: matone yakidondoka mbalimbali, bado, mawili yakiungana yakaning'inia ukingoni kama utando, ipueni mara moja, mmimine katika chupa zilizochemshwa zingali moto, mfunike.

Juma lijalo tutasoma habari za chumvi. Kwaherini.