Kiswahili katika Vitabu vya Watoto Weusi wa Marekani

Mwaka wa 1971 kampuni ya Dial Press ya New York ilitoa kitabu chembamba cha picha kiitwacho Moja Means One. Mtungaji wake alikuwa Muriel Feelings, mwalimu wa sanaa aliyezaliwa Philadelphia, na mchoraji alikuwa mumewe, Tom Feelings, mzaliwa wa Brooklyn. Kiswahili kilichomo ni maneno ya kuhesabia, tangu moja hata kumi, kila neno likiwa na picha yake na maelezo mafupi ya Kiingereza. Kwa mwanachuoni wa lugha, kitabu cha namna hii ni rahisi kukipita bila kukitupia jicho. Sarufi hamna, hadithi hamna, na mtoto wa Tanga aliyekwisha kujua kuhesabu embe hana kubwa la kujifunza humo. Walakini kitabu hicho, pamoja na ndugu yake Jambo Means Hello cha mwaka wa 1974, kinastahili mahali katika historia ya Kiswahili. Humo lugha ilitumwa kazi iliyo adimu katika maisha yake: kumwendea mtoto wa nchi ya mbali, ambaye hana jamaa hata mmoja asemaye Kiswahili, na kumwezesha kuutazama uso wake bila haya.

Kazi yenyewe ilikuwa imekwisha kuanzwa kwa njia nyingine nusu karne kabla yake. W. E. B. Du Bois, mhariri wa gazeti la The Crisis, alikuwa na desturi ya kutoa kila mwaka toleo moja la watoto. Lakini gazeti hilo lilikuwa pia na wajibu wa kutangaza habari za watu weusi waliouawa na makundi ya watu bila hukumu ya korti, na habari hizo zilisomwa na watoto pia. Mwaka wa 1919 Du Bois alieleza katika gazeti lake jinsi alivyopata barua ya msichana wa miaka 12, aliyesema kwamba anawachukia wazungu kama wao wanavyomchukia yeye, na pengine zaidi. Barua hiyo ilimtia Du Bois katika tatizo ambalo limewakabili watungaji wote waliomfuata. Mtoto asipoambiwa ukweli, atayaamini matusi anayoyasikia juu yake. Akiambiwa ukweli wote, atakua na chuki moyoni. Jibu lake lilikuwa The Brownies' Book, gazeti la watoto alilolianzisha Januari 1920 pamoja na Jessie Fauset na Augustus Dill. Bei yake ilikuwa senti 15. Lilikuwa na hadithi, michezo, picha za watoto weusi waliovaa vizuri na kufaulu shuleni, na habari za mashujaa wao. Na mashairi ya kijana aitwaye Langston Hughes yalitoka humo. Baada ya matoleo 24, katika Desemba 1921, lilikufa kwa kukosa wanunuzi wa kutosha.

Hasara ya kukosa vitabu vya namna hiyo ilipimwa baadaye na wataalamu wa elimu ya nafsi. Kenneth Clark na mkewe Mamie waliwaonyesha watoto weusi 253 wanasesere weupe na weusi, kisha wakawauliza yupi ni mzuri na yupi ni mbaya. Walio wengi walimchagua mweupe kwa uzuri. Matokeo hayo yalitangazwa mwaka wa 1947, na mwaka wa 1954 yalitajwa katika hukumu ya Mahakama Kuu ya Marekani iliyokataza kutenga watoto shuleni kwa rangi. Wakutubi hawakuwa wamengoja hukumu hiyo. Augusta Baker, aliyekuwa akifanya kazi katika maktaba ya mtaa wa 135 huko Harlem, alianza mwaka wa 1939 kukusanya vitabu ambavyo mtoto mweusi angeweza kuvisoma bila kukuta humo sura yake imefanywa kichekesho. Rafu hazikujaa upesi. Nancy Larrick alipochunguza vitabu 5,206 vya watoto vilivyotolewa na wachapishaji 63 katika miaka ya 1962, 1963 na 1964, aliona kwamba vyenye mtu mweusi hata mmoja, katika picha au katika maneno, vilikuwa 349. Yaani hawakufikia 7 katika kila mia. Vilivyosimulia maisha ya mtu mweusi wa Marekani wa wakati ule havikufikia hata kimoja katika mia. Makala yake ya Septemba 1965 iliwatia aibu wachapishaji wengi. Kitabu kilichosifiwa kupita vyote katika miaka hiyo, The Snowy Day cha Ezra Jack Keats, kilichopata nishani ya Caldecott mwaka wa 1963, kina mtoto mweusi anayecheza katika theluji. Lakini Larrick hakuridhika nacho, kwa kuwa maneno ya kitabu hayasemi lolote juu ya rangi ya mtoto yule. Lawama hiyo ni kali mno. Mtoto anayecheza hana haja ya kutajiwa rangi yake kila ukurasa. Ila ni kweli kwamba mtoto yule alipewa picha tu; hakupewa jina la kwao wala asili.

Asili ndiyo waliyokwenda kuitafuta Tom na Muriel Feelings, kila mmoja kwa njia yake kabla hawajaoana. Tom alikuwa amekwisha kuchora katika gazeti la New York Age hadithi za picha juu ya mvulana anayesoma historia ya watu wake na kuiota usingizini. Mwaka wa 1964 alikwenda Ghana akafanya kazi ya uchoraji katika serikali ya Kwame Nkrumah, akarudi baada ya serikali hiyo kupinduliwa mwaka wa 1966. Muriel naye alifundisha sanaa Uganda, na kutokana na safari zake za Afrika ya Mashariki alitunga kwanza Zamani Goes to Market, kilichotoka mwaka wa 1970, kisha vitabu viwili vya Kiswahili. Vyote viwili vilipata heshima ya Caldecott, cha kwanza mwaka wa 1972 na cha pili mwaka wa 1975.

Mtu aweza kuuliza kwa nini Kiswahili. Wazee wa watu weusi wa Marekani walichukuliwa hasa kutoka pwani ya magharibi, tangu Senegali mpaka Angola, na kama ni lugha za mababu, zingestahili kutangulia Kiwolofu, Kiakani, Kiyoruba na Kikongo. Watumwa waliopita Kilwa na Unguja walipelekwa kwa wingi upande wa Bahari ya Hindi. Hoja hiyo ni sahihi, tena imerudiwa mara nyingi, lakini haijibu swali. Watu wale hawakuweza kujua ni ipi katika lugha hizo iliyokuwa yao, maana vizazi vilivyopita vilikuwa vimechanganywa makusudi kusudi visahau. Lugha ya kabila moja ingemchagua mmoja na kumwacha mwenzake nje. Kiswahili kilikuwa lugha ya watu wa makabila mengi. Kilikuwa lugha ya taifa huru la Tanganyika, ambalo rais wake mwenyewe alikuwa ametafsiri tamthilia ya Shakespeare mwaka wa 1963. Na kilikuwa kikifundishwa katika baadhi ya vyuo vikuu vya Marekani. Mwaka wa 1966 Maulana Karenga alipoanzisha sikukuu ya Kwanzaa huko California, alichagua maneno saba ya Kiswahili yawe nguzo zake. Neno kwanza likaongezwa a moja mwishoni, na yasemekana sababu ilikuwa kwamba watoto waliohudhuria walikuwa saba, na kila mmoja alitaka herufi yake. Mwanasarufi atakunja uso. Hata hivyo, tahajia nyingi zimebadilishwa kwa sababu dhaifu kuliko kumridhisha mtoto wa saba.

Sasa na tuvitazame vitabu vyenyewe kwa jicho la lugha. Katika cha kwanza, hesabu inaanza na mlima Kilimanjaro, ulio mmoja peke yake. Msemaji wa Kiswahili atasema mlima mmoja, watu wawili, miti mitatu. Lakini kitabu kinatoa moja, mbili, tatu, kwa kuwa maneno haya yamesimama ndani ya Kiingereza bila jina la kuyatawala. Upatanisho, ulio uti wa mgongo wa lugha, umebaki nje. Lakini kuhesabu kwa mdomo ndiko kunakoanza hata kwa mtoto wa Pwani, na kitabu hakikudai zaidi ya hapo. Lenye kutazamisha zaidi ni jambo ambalo yamkini watungaji hawakulikusudia. Katika namba hizo kumi, saba ni za Kibantu, na sita, saba na tisa zimetoka katika Kiarabu. Nazo hazikubali upatanisho hata katika sentensi ya Kiswahili safi. Basi mtoto wa Harlem aliyetafuta Afrika isiyochanganyika alipewa, katika kuhesabu vidole vyake tu, lugha ambayo wenyewe hawakupata kuona haya kwa kuchanganya.

Kitabu cha pili kinafuata alfabeti. Kina herufi 24, maana q na x hazitumiki katika Kiswahili, na c imepewa nafasi yake ijapokuwa katika lugha yetu haiandikwi ila ikifuatana na h. Jina la kitabu ndilo lenye ila. Jambo si salamu bali ni neno lenye maana ya shauri au tukio. Salamu ni hujambo, yaani huna jambo, na jibu lake ni sijambo. Jambo tupu ni Kiswahili ambacho watu wa Pwani humsemesha mgeni. Tena mtoto aliyelelewa Mombasa au Bagamoyo hamsalimu mtu mzima hivyo, bali humwamkia kwa shikamoo. Ajabu ni kwamba kitabu kile kile, kwenye herufi h, kinafundisha neno heshima.

Kwenye herufi u kuna neno uzuri, na hapa lugha ilifanya kazi ambayo Kiingereza kisingeweza kuifanya kwa urahisi. Katika Kiingereza cha Marekani neno la uzuri wa sura lilikuwa limefungamana kwa muda mrefu na ngozi nyeupe na nywele laini, hata watu weusi walipotaka kujiita wazuri katika miaka ya 1960 iliwabidi kulisema kwa nguvu, kama wanaobishana na mtu. Mzizi -zuri hauna ubishi huo. Twasema mtu mzuri kwa sura yake, na neno zuri, na tabia nzuri, na kazi nzuri. Sura na mwenendo havikutengwa. Mtoto aliyejifunza neno hili alijifunza neno lisilokuwa limewahi kutumiwa mbele yake kumkanushia uzuri.

Isidhaniwe, hata hivyo, kwamba Kiswahili kwao hakina lawama. Wasemaji wake husifu nywele za singa, na nywele za kipilipili wakazipa jina la pilipili. Mwafrika mwenye ngozi isiyoiva sana huitwa mweupe, na mara nyingi huitwa hivyo kwa kusifiwa. Wa katikati ni maji ya kunde, jina la upole. Aliye mweusi zaidi hufananishwa na mkaa au na chungu. Wala shule hazikusaidia. Katika miaka ile ile ambayo Augusta Baker alikuwa akijaza rafu zake, mtoto wa Tanganyika aliyejua kusoma lugha yake vizuri alikuwa na Mashimo ya Mfalme Sulemani, tafsiri ya Frederick Johnson ya mwaka wa 1929, na Kisiwa chenye Hazina, na Safari za Gulliver. Kiswahili cha tafsiri hizo ni kizuri, na wengi walijifunza humo utamu wa kusimulia. Lakini safari katika kitabu cha kwanza ni ya Waingereza watatu, na Waafrika ni wapagazi, wachawi na askari. Ni kweli kwamba Umbopa hatimaye anatokea kuwa mfalme, ila ufalme wake wategemea bunduki za wageni. Shaaban Robert alipotoa Adili na Nduguze mwaka wa 1952, vijana walipata kitabu cha mtungaji wao wenyewe, chenye maadili mengi, lakini swali la rangi ya mtoto na nywele zake halikuwa swali la kitabu hicho.

Swali hilo limerudi Afrika ya Mashariki kwa kuzunguka. Mwaka wa 2019 Lupita Nyong'o, Mkenya aliyejulikana kwanza kwa michezo ya sinema, alitoa huko Marekani kitabu cha picha kiitwacho Sulwe, neno ambalo kwa Kidholuo ni nyota. Ni hadithi ya msichana aliye mweusi kuliko watu wote wa nyumbani kwao, anayejaribu kila hila ajibadilishe, mpaka anaposimuliwa habari za ndugu wawili, Usiku na Mchana, na jinsi watu walivyotaabika Usiku alipoondoka kwa kutukanwa. Kitabu hicho kimefasiriwa kwa Kiswahili na kwa Kidholuo. Safari hii neno halikutoka Pwani kwenda Harlem; hadithi iliyoandikwa kwa Kiingereza ilikuja kuomba maneno ya Kiswahili, na yeyote anayefasiri hadithi ya namna hiyo hukuta mlangoni maneno yale yale ya mweupe na mkaa. Giza halimfai, kwa kuwa Kiswahili hakimwiti mtu wa giza. Yamkini litakalomfaa ni lile tamko fupi ambalo wazee hulitia baada ya rangi ili kuikamilisha, bila kuifananisha na chungu wala masizi: -eupe pe, -ekundu ndu, -eusi tii.