Uzi Uliobeba Ushanga

Waandishi waliotaja biashara ya misafara katika Afrika ya Mashariki wamesema mengi juu ya ushanga na machache mno juu ya uzi. Kwa hivyo wamesahau nusu ya habari, maana katika nchi nyingi za bara ushanga usiotungwa haukuwa pambo, wala haukuwa fedha.

Ushahidi umo katika vipimo vyenyewe. Burton, aliyesafiri bara kati ya mwaka 1857 na 1859, aliandika kuwa ushanga ulihesabiwa kwa kete, uzi uliopimwa kwa mkono wa mtu, na kwamba kete 10 zilifanya fundo 1. Jina hilo latosha kutufundisha: thamani ilikaa katika fundo, na fundo ni kazi ya uzi.

Ilibidi kuchagua kwa hekima. Stanley alipojitayarisha Unguja mwaka 1871 alinunua magunia 22 ya ushanga wa namna 11, kwa sababu kila nchi ilikuwa na hiari yake. Wanyamwezi walipenda mwekundu. Mweusi ulipokewa Ugogo na kukataliwa kwingineko. Alichukua pia frasila 10, yaani ratili 350, za masango, ile waya nene ya shaba. Ng'ambo ya Tanganyika waya hiyo ilihesabiwa kama dhahabu, nao ushanga kama senti.

Wamasai walizidisha sharti: hawakukubali ushanga ila uliotungwa kwa urefu wa desturi yao. Thomson alipofika Taveta mwaka 1883 ilimlazimu kusimamisha safari mpaka watu wake wamalize kutunga nyuzi zipatazo 60,000. Msafara mzima, wenye bunduki na mizigo, ulingoja vidole vya watungaji.

Tuitazame sasa kazi yenyewe. Ukingo wa tundu la ushanga wa kioo mara nyingi ni mkali, nao hukata uzi polepole kama msumeno. Kwa hiyo mtungaji hodari hakuutazama uzuri wa uzi, bali uvumilivu wake. Watu wa pwani walikuwa na utembwe, nyuzi za makuti ya miti ya jamii ya mnazi. Wafugaji walikuwa na ukano wa mnyama, ambao ncha yake ikikauka huwa ngumu na kupenya tunduni pasipo sindano. Sindano ya chuma ilirahisisha kazi, lakini ilileta sharti lake: iwe nyembamba hata ipite tunduni zaidi ya mara moja, kwani uzi mmoja ukikatika wa pili hushika.

Waya ina tabia nyingine. Haivutiki, na hushika umbo ililopewa. Ndiyo maana ukosi mpana wa mwanamke wa Kimasai husimama mabegani wala haulegei. Lakini waya ikikunjwa na kukunjuliwa mara kwa mara huvunjika. Basi uzi ni wa pambo linalocheza na mwili, na waya ni ya pambo linalosimama. Udodi, waya nyembamba kabisa, ulizungushwa juu ya unywele ili upate ugumu wa madini na wepesi wa unywele pamoja.

Lugha yetu iliifahamu heshima ya kazi hii zamani. Twasema kutunga ushanga na kutunga shairi kwa neno moja, na si kwa bahati tu: katika yote mawili vipande vilivyokuwa vikizagaa hupangwa kwa hesabu, kila kimoja mahali pake, na kufungwa visitawanyike. Mshairi hutia jina lake katika beti za mwisho. Mtungaji wa shanga, ambaye aghalabu alikuwa mwanamke, hakuwa na beti hiyo. Majina ya wasafiri yamehifadhiwa vitabuni pamoja na hesabu za magunia yao. Majina ya watungaji hayakuandikwa. Mwanahistoria atakayeshika mkufu wa kale na augeuze, autazame upande wa nyuma palipofungwa fundo. Hapo ndipo alipotia sahihi yake.