Albamu Binafsi

Albamu binafsi ni mkusanyo wa nyimbo unaotolewa kwa jina la mwimbaji mmoja ambaye umma ulimjua kwanza kupitia kundi. Kinachoipambanua ni jina lililo kwenye jalada na mwenye kauli ya mwisho juu ya nyimbo. Idadi ya sauti zinazosikika ndani yake haihusiki.

Watangazaji wengi husema "albamu ya solo", lakini katika muziki wa Afrika Mashariki neno hilo lina mwenyewe. Kwenye dansi na benga, solo ni gitaa linaloongoza, likisaidiwa na rithimu na besi, na mpiga solo ndiye anayengojewa wimbo ukifika pa kuchezwa. Chukua mfano wa Kivaa, iliyo Masinga, Kaunti ya Machakos, ndani ya Ukambani kulikovuma santuri za benga za Kakai Kilonzo na Kilimambogo Brothers. Msikilizaji wa huko akitajiwa albamu ya solo ana haki ya kutarajia magitaa matupu.

"Pekee" ni mtego mwingine: "albamu yake pekee" humaanisha kwamba hana nyingine. "Peke yake" inakaribia, ila inadokeza kwamba hakushirikiana na yeyote, jambo ambalo ni nadra siku hizi. "Binafsi" inabeba maana ya umiliki, na umiliki ndio kiini cha istilahi hii.

Mfano ulio wazi ni wa Bien-Aimé Baraza wa Sauti Sol, kundi lililoanza Nairobi mwaka 2005 likiimba bila ala na kutoa albamu tano, kuanzia Mwanzo ya 2008 hadi Midnight Train ya 2020. Novemba 2023, kundi likielekea mapumziko baada ya tamasha la kuaga, Bien alitoa Alusa Why Are You Topless?, ambamo Alusa ni jina lake mwenyewe. Ayra Starr wa Nigeria ameshirikishwa humo, na hata hivyo albamu inabaki kuwa binafsi.

Albamu hiyo inachanganya afropop, R&B na rap, na hapo msamiati hukwama tena. Wengi wangesema "mchanganyiko wa mitindo", ila kwa mpenzi wa dansi mtindo ni alama ya bendi moja: Sikinde ni wa Mlimani Park, Msondo wa NUTA Jazz na warithi wake. "Aina za muziki" haina mvuto lakini haipotoshi. Ni vyema pia kutenganisha mambo mawili. Albamu yenye wimbo wa rap ukifuatwa na wa R&B ni mseto, kwani kila kimoja bado kinatambulika; wimbo mmoja uliounganisha vyote ni mchanganyiko hasa.

Limesalia suala la "ya kwanza". Wahakiki wa vitabu huita kazi ya kwanza ya mwandishi kifunguamimba, na neno hilo linafaa muziki pia, mradi mwenye mimba atajwe. Kifunguamimba cha Sauti Sol ni Mwanzo. Cha Bien kilikuja miaka 15 baadaye. Savara, mwenzake kundini, alishamtangulia kwa Savage Level mwaka 2022. Heavy Is the Crown ya Chimano, mwenzao mwingine kundini, ya mwaka huohuo, ni albamu fupi, nayo huhesabiwa kando.