Tarehe ya Ukoo wa libburnia, Wachoma Diski

Kuna kauli inayorudiwa sana na mafundi wa kompyuta, kwamba xorriso, programu ya kutengeneza ISO na kuchoma diski kutoka mradi wa libburnia, ni ile ile cdrecord iliyobadilishwa jina, na kwamba maktaba zake tatu, yaani libburn, libisofs na libisoburn, zilimegwa kutoka msimbo wa Jörg Schilling wa Berlin. Kauli hiyo si kweli. Tarehe hii inaandikwa ili kila ukoo upewe baba yake, na mwenye haki ya kiti akalie.

Asili ya fani yote ni hoteli ya kamari iliyoitwa High Sierra, kando ya Ziwa Tahoe, jimbo la Nevada, Marekani. Mwaka 1985 wajumbe wa kampuni za kompyuta walikutana hapo kwa sababu kila kampuni ilipanga mafaili kwenye CD kwa namna yake, na diski ya huyu haikusomeka kwenye mashine ya yule. Mapatano yao yakawa kiwango cha ECMA-119 mwaka 1986, kisha ISO 9660 mwaka 1988. Kwa hiyo fundi anayesema leo "nitumie ISO" anataja mapatano ya hoteli ile, ajue asijue.

Walipatana kwamba data ikatwe vipande viitwavyo sekta, kila kimoja baiti 2048. Sekta 16 za mwanzo, ambazo ni baiti 32,768, ziachwe wazi, kila mfumo uzitumie upendavyo. Baada ya hapo ndipo kinapokaa kitambulisho cha diski. Asiyeamini afungue faili lolote la ISO kwa kihariri cha heksa, aende baiti ya 32,768: ataona 01, kisha 43 44 30 30 31, ambazo ni herufi CD001. Nambari nyingi kubwa huandikwa mara mbili mfululizo, mara ya kwanza kuanzia baiti ndogo na mara ya pili kuanzia baiti kubwa, ili mashine za aina zote mbili zisome bila kugeuza. Majina ya mafaili kwa kiwango cha chini kabisa yalikuwa herufi nane na kiambatisho cha herufi tatu, zote kubwa, na folda zisizidi ngazi nane. Watu wa Unix hawakuridhika wakaongeza Rock Ridge, ili majina marefu na ruhusa za mafaili zihifadhiwe. Microsoft nayo ikaleta Joliet. Phoenix na IBM wakaleta El Torito mwaka 1995 ili kompyuta iweze kuwaka kutoka kwenye CD, na jina walilichukua kwenye mgahawa. Hao yatosha kuwataja.

Eric Youngdale aliandika mkisofs mwaka 1993, programu inayokusanya folda na kuifanya faili la ISO. Baadaye ikaingia nyumbani kwa Schilling.

Sasa Schilling mwenyewe. Hakuna anayeweza kuandika tarehe ya fani hii akamruka. Cdrecord yake ilitoka mwaka 1996, na kwa miaka kumi hivi wengi waliochoma CD kwenye Linux, Solaris au BSD walipita mlangoni kwake, hata kama walibofya kitufe kwenye programu ya picha isiyotaja jina hilo popote. Alizijua amri za SCSI kwa undani ambao wengi hawakuwa nao, na cdrecord ilitumia maktaba yake maalumu ya kuzungumza na kiendeshi, libscg. Jina hilo libscg msomaji alishike, tutalihitaji.

Lakini alikuwa mtu wa ugomvi, na ugomvi wake mkubwa ulikuwa juu ya anwani. Schilling alitaka kiendeshi kitajwe kwa tarakimu tatu, kama dev=1,0,0, kwa desturi ya SCSI. Watu wa kerneli ya Linux, Linus Torvalds akiwa mbele yao, walitaka kitajwe kwa jina lake la kawaida, kama /dev/hdc. Haikuwa hoja ya kuwagombanisha watu wazima kwa miaka, lakini iliwagombanisha. Agosti 2004 kerneli 2.6.8 ikaja na kichujio cha amri za SCSI kwa watumiaji wasio wakuu wa mfumo, na cdrecord ikakwama kwa wengi. Ajabu ni kwamba programu yenyewe iliingizwa ugomvini. Mtu akichoma CD kwenye Linux mpya, cdrecord ilimwandikia kwenye skrini kwamba Linux hiyo ina mambo hayajatatuliwa, na kwamba akipata taabu ajaribu Linux ya zamani au Solaris. Mteja amekuja kuchoma nyimbo zake, anasomewa mashtaka ya jirani.

Mei 2006 Schilling alibadilisha leseni ya sehemu kubwa ya cdrtools, mkusanyiko wake wenye cdrecord na mkisofs, kutoka GPL kwenda CDDL ya Sun, huku mkisofs ikibaki GPL. Watu wa Debian walisema leseni hizo mbili haziwezi kuunganishwa katika programu moja. Yeye alishikilia kuwa hakuna kasoro. Septemba mwaka huo Debian wakajitenga na kutoa cdrkit: cdrecord ikaitwa wodim, mkisofs ikaitwa genisoimage, na libscg ikaitwa libusal. Hao ndio watoto halali wa cdrtools, kama wanatafutwa. Schilling aliendelea na toleo lake hadi alipofariki Oktoba 2021.

Turudi kwenye ukoo wetu.

Libburn ilianza mwaka 2002 mikononi mwa Derek Foreman na mwenzake, miaka minne kabla ya mzozo wa leseni. Shabaha yao ilikuwa tofauti tangu siku ya kwanza. Cdrecord ilikuwa programu, na programu nyingine ikitaka kuitumia ilibidi iianzishe pembeni na kusoma maneno inayoyatapika kwenye skrini, ikikisia kama kazi imefanikiwa. Libburn ilikuwa maktaba tangu mwanzo: programu inaiita moja kwa moja na kurudishiwa jibu. Amri za kwenda kwenye kiendeshi iliandika zake yenyewe. Mradi ulisinzia, kisha mwaka 2006 Mario Danic na Thomas Schmitt wakauamsha. Vreixo Formoso akaiandika upya libisofs. Danic na Formoso waliondoka baadaye, wakiwa wamefanya kazi kubwa.

Aliyebaki ni Schmitt, Mjerumani, na nitakaa naye kidogo.

Schmitt hakuingia fani hii kwa kupenda diski bali kwa kuogopa kupoteza mafaili. Kabla ya libburn alikuwa na scdbackup, programu ya kuhifadhi nakala za mafaili kwenye CD nyingi, iliyotegemea cdrecord na mkisofs. Alijua basi mahali zinapobana. Mkisofs hutengeneza ISO mpya kutoka folda. Haikuundwa kwa ajili ya kufungua ISO ya jana na kuihariri. Xorriso ya Schmitt hufanya hivyo. Inasoma mti wa mafaili ulio kwenye diski, inalinganisha na folda za kompyuta, inaandika yaliyobadilika tu kama kipindi (session) kipya mwishoni, na mti mpya unashika nafasi ya wa zamani. Kwenye diski kama DVD+RW, ambazo hazina vipindi kwa asili yake, inaviiga. Inaweza kuweka hesabu ya MD5 ya kila faili ndani ya ISO yenyewe, ili baada ya miaka mwenye diski ajue ni faili lipi lililooza. Kazi hii ingetosha kumpa mtu heshima, hata kama asingefanya nyingine.

Ila alifanya nyingine. Zile sekta 16 zilizoachwa wazi na wazee wa High Sierra zilipata matumizi ambayo hawakuyawaza. Mwaka 2008 H. Peter Anvin, mwandishi wa ISOLINUX, alitoa isohybrid: ndani ya nafasi ile tupu huwekwa sekta ya kuwashia kompyuta, inayoishia na baiti 55 AA kama ya diski kuu. Faili moja likawa na nyuso mbili. Ukilichoma kwenye CD ni ISO halali. Ukilimimina kwenye flash kwa amri ya dd, kompyuta inawaka. Schmitt aliiingiza kazi hii ndani ya libisofs, pamoja na mpangilio wa EFI, na Vladimir Serbinenko wa GRUB akaongeza HFS+ ya Apple. Leo Debian hutengeneza ISO zake za usakinishaji kwa xorriso, na grub-mkrescue ya GRUB haifanyi kazi bila xorriso. Fundi wa Kariakoo au wa River Road anayebeba flash ya Debian mfukoni amebeba kazi ya ukoo huu.

Nje ya ukoo huu wapo wengine. Mwaka 2003 Rocky Bernstein alianzisha libcdio, maktaba ya kusoma CD na mafaili yake, akichukua sehemu za VCDImager ya Herbert Valerio Riedel. Waliokulia Pwani na VCD za sinema wanajua umuhimu wa kazi hiyo. Andy Polyakov aliandika growisofs kwa ajili ya DVD. CDEmu wana libmirage, inayosoma miundo ya kampuni binafsi kama NRG na MDS. Libarchive nayo inasoma ISO.

Kuna ajabu moja siwezi kuiacha, ya libcue. Hii ni maktaba ndogo inayosoma mafaili ya .cue, ambayo ni maandishi matupu yanayoeleza nyimbo zimepangwaje ndani ya faili la .bin: TRACK 01 AUDIO, chini yake INDEX 01 00:00:00, maana yake dakika, sekunde na fremu, fremu 75 kwa sekunde. Oktoba 2023 Kevin Backhouse wa GitHub alitangaza kwamba ukiandika baada ya INDEX nambari kubwa kupita kiasi, inapinduka kuwa hasi, na libcue inaandika nje ya mipaka ya kumbukumbu yake. Kwenye GNOME ilikuwa hatari zaidi, kwa kuwa huduma ya kuorodhesha mafaili hufungua yenyewe kila linaloingia kwenye folda ya Downloads. Bofya kiungo kimoja, faili linashuka, mgeni yuko ndani. Kosa lilirekebishwa upesi. Wapo wanaodhani maktaba za diski ni mabaki ya zama za CD. Wangewauliza watu wa GNOME wiki ile.

Na sasa hukumu ya dai tulilolianzia. Chanzo cha kosa nakijua. Schmitt aliwahurumia waliozoea amri za zamani, akaandika cdrskin inayopokea maneno ya cdrecord, na akaipa xorriso uwezo wa kuitwa kwa -as mkisofs na -as cdrecord. Watu waliona maneno yale yale wakadhani msimbo ni ule ule. Lakini anayejua lugha ya jirani hajawa mtoto wa jirani. Mwenye Debian aandike ldd /usr/bin/xorriso, asome orodha itakayotoka: libisoburn.so.1, libisofs.so.6, libburn.so.4. Libscg haimo. Libusal haimo. Kisha asome msimbo wa wodim, aikute libusal mle ndani. Nasaba imeandikwa kwenye mafaili yenyewe, haihitaji shahidi mwingine.

Wodim na genisoimage, waliopewa urithi, hawakutunzwa: toleo lao la mwisho ni 1.1.11 la mwaka 2010. Hata hivyo miongozo mingi bado inamfundisha mwanafunzi genisoimage kama ndiyo njia. Ninyi mnaoandika miongozo ya Linux kwa Kiswahili, andikeni xorriso -as mkisofs badala yake, chaguo za kawaida karibu zote ni zile zile. Na mkitaja waasisi, mtajeni Schilling kwa kazi yake, na Foreman, Danic, Formoso na Schmitt kwa yao.