Kicheko cha Mwoga, Kilio cha Shujaa

Radi inapiga Roma, na Kaizari amesimama na nguo za kulalia. Mkewe, Calpurnia, amepiga kelele mara tatu usingizini kwamba mumewe anauawa, na sasa amekuja kumzuia asitoke. Hapo ndipo Shakespeare anapomtia Kaizari kinywani maneno yanayopendwa sana na watu wanaotafuta kujipa moyo: kwamba mwoga hufa mara nyingi kabla ya siku yake, na jasiri huyaonja mauti mara moja basi. Mwalimu Nyerere aliyaleta kwa Kiswahili mwaka 1963, akarudi kuyapiga msasa na kuyatoa tena mwaka 1969 katika kitabu alichokiita *Juliasi Kaizari*.

Afrika Kusini, katika gereza la kisiwa cha Robben, maneno hayo yalipata msomaji mwingine. Mfungwa mmoja, Sonny Venkatrathnam, alikuwa na kitabu chenye kazi zote za Shakespeare. Ili askari jela wasimnyang'anye, alikivika kadi za sikukuu ya Diwali zenye picha za miungu ya Kihindu, akawaambia ni msahafu wa dini yake. Askari hawakukigusa tena. Kisha, miaka ya 1970, akakipitisha kwa wenzake, kila mmoja achague mahali panapomgusa na kutia sahihi pembeni. Billy Nair alichagua maneno ya Caliban wa *The Tempest* anayedai kwamba kisiwa ni chake. Nelson Mandela alichagua yale ya Kaizari kuhusu mwoga na kifo, akaandika tarehe: 16 Desemba 1977. Siku hiyo Makaburu walikuwa wakiadhimisha ushindi wao wa 1838 dhidi ya Wazulu. Kwa wafungwa wale ilikuwa pia siku ambayo Umkhonto we Sizwe, jeshi la chama cha ANC, ilianza mashambulizi yake, mwaka 1961.

Sasa mtu aliyelelewa kwa Kiswahili akiyasikia maneno ya Kaizari, methali moja humjia bila kuitwa, nayo inasema kinyume kabisa: kwa mwoga huenda kicheko, kwa shujaa huenda kilio. Bibi yangu alimwambia hivyo mjomba aliyetaka kutoka na ngalawa wakati kusi limechachamaa. Mjomba alinuna kidogo, akaliegemeza kasia ukutani, akaagiza kahawa. Usiku tulimsikia akicheka na watoto uani. Sikuelewa siku ile kwamba kicheko cha kwenye methali ndicho hicho. Nilidhani mwoga ndiye anayechekwa, kumbe mwoga ndiye anayecheka, kwa kuwa yu hai.

Ni rahisi kusema Waingereza wana neno la kishujaa na sisi tuna neno la woga. Sivyo. Methali hii inasemwa na aliyebaki nyumbani, yule atakayetandika mkeka wa matanga kama mambo yataharibika. Kaizari anahesabu vifo vyake mwenyewe, mara moja au mara nyingi. Bibi anahesabu watakaolia. Na Mandela hesabu hiyo ya pili aliijua vizuri, kwa sababu ilimfika. Mama yake alifariki mwaka 1968, na mwaka uliofuata mwanawe mkubwa, Thembi, akafa kwa ajali ya gari. Mara zote mbili aliomba ruhusa ya kwenda kuzika, mara zote mbili akanyimwa. Kwa shujaa kilikwenda kilio, na shujaa mwenyewe hakuwepo kukisikia.

Hebu turudi Roma, kwa maana kuna jambo ambalo wapenda nukuu hulisahau. Baada ya kutamka maneno yake makubwa, Kaizari alikubali kubaki nyumbani. Ndiyo, alikubali! Calpurnia alimbembeleza mpaka akalegea. Ndipo akaja Decius, mmoja wa waliopanga kumuua, akaifasiri ndoto ya mke upya ikawa njema, akadokeza kwamba Seneti leo ina nia ya kumpa taji, kisha akachomeka mwiba: asipokwenda watamfanyia mzaha, watanong'onezana kwamba Kaizari ameogopa. Hapo akaomba joho lake. Kwa hiyo maneno ya ujasiri hayakumtoa Kaizari mlangoni. Kilichomtoa ni taji, na hofu ya kuchekwa. Alikikimbia kicheko cha barabarani, akakikosa kile cha uani.

Ndiyo maana nina wasiwasi na kadi za maneno ya motisha zinazosambazwa kila alfajiri kwenye simu zetu, zenye picha ya jua linalochomoza na jina la mtu mashuhuri chini yake. Neno limeng'olewa kinywani mwa aliyelisema na katika saa aliyolisemea. Kinywani mwa Kaizari lile ni majigambo ya mtu anayejiita kwa jina lake mwenyewe kana kwamba anamzungumzia mtu mwingine. Pembeni mwa sahihi ya Mandela ni kitu kingine, maana aliyetia sahihi alikwisha kuiambia mahakama ya Pretoria, tarehe 20 Aprili 1964, kwamba yuko tayari kufa, kisha akaketi kusubiri hukumu. Neno halikumpa ujasiri ambao hakuwa nao. Alikuwa nao miaka 13 kabla ya kulitia sahihi. Nadhani lilimpa kitu ambacho mfungwa wa muda mrefu hukihitaji zaidi, yaani uthibitisho kwamba mtu mwingine, mbali na pale, aliwahi kulitia jambo hilo katika maneno.

Walter Sisulu, mfungwa mwenzake Mandela, alikifungua kitabu kwingine. Alichagua *The Merchant of Venice*, pale Shylock anapomkumbusha Antonio jinsi alivyomtukana sokoni, akamtemea mate, naye akavumilia tu kwa kupandisha mabega, kwa kuwa uvumilivu ndio alama ya kabila lake. Nyerere alikuwa amekifasiri kitabu hicho nacho, *Mabepari wa Venisi*, mwaka 1969. Tamthilia mbili alizozifasiri Mwalimu ndizo walizozichagua Mandela na Sisulu. Sijui la kufanya na sadfa hiyo isipokuwa kuifurahia.

Chaguo la Sisulu ndilo linalokaribia zaidi lugha yetu. Waswahili husema kufa kikondoo ndiko kufa kiungwana. Mbuzi akichinjwa hupiga kelele mtaa mzima ukajua, kondoo hunyamaza. Ujasiri hapa haupo katika kuifuata hatari, upo katika kutompa anayekudhulumu raha ya kusikia sauti yako. Lakini methali hiyo ina hatari yake, na watawala wa kila namna wameipenda. Shylock alivumilia, kisha akadai ratili ya nyama ya Antonio. Sisulu alivumilia miaka 26 jela. Kwa nje mabega hupanda namna moja, na asiyemjua mwenyewe hawezi kujua ndani yake kuna kisasi au kuna subira.

Namkumbuka hapa mwanamke mmoja wa pwani, ambaye maneno yake hayatajwi sana panapozungumzwa ujasiri. Mwana Kupona binti Msham alikuwa mjane wa Bwana Mataka, mtawala wa Siyu katika kisiwa cha Pate, mji uliokataa kumpigia magoti Sayyid Said wa Unguja. Mumewe alifariki mwaka 1856. Miaka miwili baadaye, naye mgonjwa, alimtungia binti yake utendi wa beti 102. Mtu angetarajia mjane wa mpiganaji aimbe vita. Havitaji. Anamwita mwanawe asogee na wino na karatasi, kisha anamwahidi hirizi na kidani, vyote vya maneno. Yanayofuata ni radhi tano za kutafutwa, ya Mungu, ya Mtume, ya baba, ya mama na ya mume. Adabu za kuzungumza. Usafi na manukato. Namna ya kuwatendea maskini.

Wasomaji wengi wa leo hukwama kwenye radhi ya mume, na sioni haja ya kuwatetea waliokuwa wakiisoma bila kukwama. Ila tazama alipo msemaji. Anaumwa, anajua muda umebana, mji wake umetoka vitani, naye anapanga jinsi binti atakavyosuka nywele. Kisha, kuelekea mwisho, anageuka kumwomba Mungu amponye na amtunzie watoto wake. Haoni aibu kutaka kuishi. Kaizari asingeweza kuomba hivyo mbele ya watu. Na tofauti na Kaizari, anayehutubia hata anapozungumza na mkewe, Mwana Kupona anamtungia mtu mmoja aliyeketi karibu naye.

Mwaka 2012 kitabu cha Venkatrathnam kilionyeshwa London, katika Makumbusho ya Uingereza, bado kimevaa kadi zake za Diwali. Watu walikwenda kuiona sahihi ya Mandela. Juu kidogo ya maneno aliyoyachagua, Calpurnia anamwambia mumewe asitoke nje leo.