Bakteria wa Miwa: Kutoka Ugonjwa wa Louisiana hadi Mbolea ya Brazil

Mkulima wa mahindi wa Mbesa, mkoani Ruvuma, akipiga hesabu za msimu hukwama kwenye mbolea. Mahindi yanataka naitrojeni, na ya dukani husafiri mbali kabla ya kumfikia. Lakini hewa inayopita juu ya shamba lake ni naitrojeni kwa asilimia 78. Mmea hauwezi kuila mpaka kiwanda, au kiumbe hai, kiigeuze kwanza. Viumbe wa kazi hiyo wapo hata ndani ya nyasi, na mmoja wao alijulikana kwa miongo kadhaa kama ugonjwa tu.

Mwaka 1930 watafiti Christopher na Edgerton wa Louisiana, Marekani, walieleza ugonjwa wa majani ya miwa: mistari myembamba myekundu yenye mabaka meupe, inayofuata urefu wa jani. Bakteria aliyeuleta wakampa jina la rubrisubalbicans, na baadaye akahesabiwa katika jenasi ya Pseudomonas. Aina nyingi za miwa zilimvumilia, kwa hiyo wenye mashamba hawakuwa na sababu ya kumfikiria sana.

Brazil ndiko alikopata maana mpya. Mtafiti Johanna Döbereiner, aliyezaliwa Czechoslovakia mwaka 1924 na kuhamia Brazil baada ya Vita Kuu ya Pili, alifanya kazi Seropédica, jimbo la Rio de Janeiro. Wakati huo sifa zote za naitrojeni zilikuwa za jamii ya kunde, ambayo siri ya vinundu vya mizizi yake ilifichuliwa miaka ya 1880. Döbereiner aliuliza habari za miwa, mahindi na mtama, mimea isiyo na vinundu.

Kikwazo kilikuwa oksijeni. Kimeng'enya kinachogeuza naitrojeni huharibiwa nayo, ilhali bakteria hawa hawawezi kuishi bila kupumua. Döbereiner na wenzake wakawapikia chakula chepesi kama uji ndani ya kichupa. Bakteria waliogelea humo mpaka kina ambacho oksijeni iliwatosha bila kuwadhuru, wakajenga hapo utando mwembamba. Kwangu mimi, kichupa hicho ni miongoni mwa uvumbuzi mkubwa wa kilimo wa karne iliyopita, ingawa hakikuhitaji mtambo wowote wa bei kubwa.

Kwa njia hiyo, mwaka 1986 José Ivo Baldani, Döbereiner na wenzao walitangaza bakteria waliyempata kwenye mizizi ya mahindi, mtama na mpunga: Herbaspirillum seropedicae. Walipomlinganisha na jamaa zake wakakuta ndugu yake wa karibu ni yule wa mistari ya Louisiana, na kwamba naye anageuza naitrojeni. Mwaka 1996 huyo wa Louisiana akahamishiwa rasmi kwenye jenasi ya Herbaspirillum, akawa Herbaspirillum rubrisubalbicans.

Sasa ilibidi ielezwe vipi kiumbe mmoja awe mlishaji na mleta ugonjwa. Jibu lilitoka kwenye majaribio ya mwaka 1997, ambayo yalilinganisha miwa ya aina mbili. Katika B-4362, aina dhaifu, bakteria walijazana ndani ya mirija ya maji ya jani na mistari ikatokea. Katika SP70-1143, aina ngumu, mmea uliwazingira katika vikundi vidogo na jani likabaki zima. Bakteria ni yuleyule. Kilichobadilika ni mbegu. Mtama nao, ukiwa wa aina dhaifu, hutoa mistari myekundu kwa sababu yake.

Brazil ilisonga mbele. Watafiti wa Embrapa, shirika la utafiti wa kilimo la nchi hiyo, walitengeneza mchanganyiko wa bakteria wa aina tano wa kuchanjia miwa, na H. rubrisubalbicans yumo. Mafanikio yamepanda na kushuka kulingana na aina ya muwa na udongo, jambo ambalo majaribio ya 1997 yalikwisha kulidokeza.

Sisi Watanzania tulifuata njia nyingine. Kiwanda cha mbolea cha Tanga kilifunguliwa mwaka 1972, na Ruvuma ikawa miongoni mwa mikoa iliyolisha taifa mahindi kwa nguvu ya mbolea na bei moja ya serikali kote nchini. Ruzuku ilipoondolewa miaka ya 1990, wakulima wa mikoa ya mbali na bandari ndio walioumia zaidi. Vocha za ruzuku zikaja mwaka 2008, na tarehe 8 Agosti 2022 Rais Samia Suluhu Hassan akazindua ruzuku mpya jijini Mbeya, baada ya bei ya dunia kupaa. Ruzuku hizo zilihitajika, na mkulima wa Mbesa bado anaihitaji mbolea ya dukani.

Hata hivyo tunao wataalamu wa miwa Kibaha na wa mtama Ilonga, na Chuo Kikuu cha Sokoine kilikwisha kutengeneza chanjo ya kunde, Nitrosua. Wanapochagua mbegu mpya ya mtama au mahindi, naomba waiulize pia swali la Seropédica: inaishi vipi na bakteria wa naitrojeni walio katika udongo wa Ruvuma, na ni ipi kati ya mbegu hizo itakayougua?